Sauti ya Chumba

Kila tulipomaliza mahojiano, kabla taa hazijazimwa,
nilisema: msitikisike, nachukua sauti ya chumba.
Wakawa sanamu dakika nzima, Zdravka, mpigapicha, mwenye nyumba,
nami nikirekodi kinachobaki maneno yakishatoka:
jokofu, maji kwenye bomba,
tumbo la mtu ambaye hajala.

Miaka thelathini na moja nimemshikia maikrofoni Zdravka Peneva,
katika mji wa Ruse, ambako ukivuka Danubi umeshatoka nchini.
Studio yetu gereji ya shemeji yake,
ikinuka petroli na pilipili za kuchoma.

Hakuwataka mashujaa.
"Shujaa ana farasi wake wa shaba pale uwanjani.
Mimi niletee mtu aliyekataa kutia sahihi
kisha akarudi nyumbani kumenya viazi."

Basi tukamwendea Mateya, mchora ramani
aliyefukuzwa kazi kwa sababu ya kijito
ambacho wizara ilikwisha kutangaza kuwa hakipo.
Alitupeleka. Kilikuwa na vyura.

Tukamwendea Bi Yordanka Tsolova, mwalimu wa hesabu,
aliyekokotoa riba za benki kwa mkono
na kuzibandika kituo cha basi kila Jumatatu
kwa gundi ya unga wa ngano.
"Umaskini," alisema, "si pesa kupungua.
Ni jedwali. Na yupo aliyelichora."
Pikipiki ikapita juu ya neno jedwali.
Tukamwomba arudie, akarudia, lakini sasa alikuwa anaigiza.
Tulitumia ile ya kwanza, na pikipiki yake.

Filamu kumi na moja.
Watazamaji, tukiwahesabu na waliofuata joto la ukumbi,
hawakujaza viti hata siku moja.
Televisheni ilitupa saa saba usiku.
"Saa ya walevi na wanaonyonyesha," Zdravka alisema,
"wengine wote wamelala."

Kisha majalada yakafunguliwa.
Asparuh Gerdzhikov, mwanafalsafa, filamu yetu ya tatu,
tuliyempiga kwa siri jikoni kwake, mapazia yamefungwa,
yule aliyesema uoga ni kodi usiyopewa risiti:
kwa wakubwa jina lake lilikuwa Fundi Saa.
Miaka tisa aliwaandikia nani kanywa chai na nani,
nani kacheka, kacheka wapi.
Ukurasa wa arobaini nilikuwamo mimi:
*Kijana wa sauti. Hana madhara. Anapenda biskuti.*

Nikasema tuichome. Zdravka hakunijibu siku nne.
Ya tano akaniketisha mbele ya kamera, mara ya kwanza maishani,
akanipa ukurasa ule niusome,
akaupachika katikati, mara baada ya ile kodi na risiti yake.
"Alifikiri vizuri, akaishi vibaya.
Waone vyote viwili, waende na hasira zao nyumbani."
Nilisoma hadi kwenye biskuti, sauti ikakwama.
Hakukata hapo.
Sijui kama nilimsamehe. Wala sijui nani kati yao.

Alizikwa Februari, ardhi ngumu, wachimbaji wakitukana.
Tangu hapo naenda gereji usiku kusikiliza vimya vyetu,
kimoja kimoja, kwa vipokea sauti.
Kimya kingi kina mshindo, haya, lakini kila kimya na mshindo wake.
Kwa Mateya ni nyuki dirishani.
Kwa Bi Yordanka, jirani anapiga zulia.
Na jikoni kwa Gerdzhikov, sekunde ya ishirini,
pale ambapo miaka yote niliandika pembeni *panya*,
naisikia sasa vizuri: kalamu,
kalamu juu ya karatasi, chini ya meza,
wakati sisi tumesimama kama sanamu.

Na katika vyote,
karibu na maikrofoni kuliko mtu yeyote,
Zdravka, mvutaji sigara, anazuia kikohozi.
Mara nyingi kilimshinda.
Nikasema, tunaanza upya.