Mintarafu ya Mfongo

Barua ilikuja ndani ya mfuko wa sukari,
imekunjwa mara nne, mkunjo wa katikati umeshakuwa dirisha.
Mama Ndeanasia wa Kibosho hakuketi.
"Soma. Si wewe unayelipwa kwa Kizungu?"

Nalipwa, ndiyo, elfu saba kwa ukurasa,
kwenye meza iliyo nyuma ya duka la pembejeo, hapa Moshi mjini,
ambapo harufu ya dawa ya kunyunyizia kahawa
imeingia hadi kwenye vyeti vya watu vya kuzaliwa.

Mwaka arobaini na tisa. Taipureta yenye utepe uliochoka,
kila e imeziba, kama jicho lenye mtoto.
Mskoti fulani wa ofisi ya ardhi anamthibitishia baba mkwe wake
kihamba, migomba yake,
na haki yake, hapo neno, mfongo.
Neno lenyewe: anent.

Nilidhani karani alitaka kuandika anena,
Kiswahili kikamponyoka katikati ya Kiingereza,
akashtuka, akafunga mdomo kwa t.
Anena nani? Mfongo?
Nikacheka. Mama hakucheka.

Kamusi, ile ya jalada la kijani iliyopoteza kurasa za z,
ilisema: neno la kale, la mawakili na makasisi wa kaskazini.
Maana: mintarafu.
Nikafurahi, kwani mintarafu nayo ni kikongwe,
siku hizi huiona kwenye barua za serikali tu,
imevaa koti, haina meno, inasubiri kuitwa.
Kikongwe kwa kikongwe, nikasema, waoane.
Muhuri ulikuwa mkononi.

Lakini chini, kwa herufi ndogo kama mayai ya chawa:
zamani zaidi, kando ya. Sambamba na. Usawa mmoja na.
Na tena: kuelekeana, uso kwa uso.

Sasa angalia.
Haki mintarafu ya mfongo ni maji tu,
zamu ya Jumanne na Ijumaa, basi,
na ardhi inabaki kwa shemeji yake, Elinisafi.
Haki kando ya mfongo ni mistari mitatu ya kahawa,
mparachichi,
na kaburi la mumewe.

Sisi tungesema mfongoni, tukamaliza.
Hiyo ni moja ya mkiani hubeba ndani, pembeni, karibu,
kwa sababu aliyesema na aliyesikia
wote wamewahi kulowa miguu pale.
Mskoti hakulowa. Alihitaji neno zima,
na neno zima likaacha mlango wazi
miaka yote hii.

Jumapili nikapanda Kibosho kwenda kuliona neno.
Mfongo ulikuwa mkavu,
majani ya migomba yamelala humo kama walevi.
Masale yalisimama upande wa huku, na upande wa kule pia,
mashahidi wawili wanaokanushana.
Elinisafi akatoka, akasimama ng'ambo.
Mama akasimama huku.
Wakatazamana, usawa mmoja, kimya,
na ile maana ya mwisho nikaielewa
kuliko nilivyotaka.

Jumatatu niliandika maana zote tatu, nikazitenga kwa mikwaju,
na chini yake: mtafsiri hakuchagua.
Mama Ndeanasia alisoma polepole, midomo ikitembea.
"Baraza ni Alhamisi," akasema.
"Nimekuletea neno moja, wanirudishia matatu,
na hakuna hata moja lenye shamba."

Akahesabu elfu tatu na mia tano, nusu kamili,
akaziweka mezani, kando ya muhuri,
na sikumuuliza ni mintarafu ya nini.