Safu ya Kumi na Nne

Kila Januari fomu huja kwa sleji kutoka Stokholm,
karatasi pana kama shuka la mtoto,
na mume wangu Zakris, kasisi wa parokia,
huweka kidau cha wino kando ya jiko
maana wino huganda kabla hesabu haijaisha.

Mfalme anataka kujua ana watu wangapi.
Ndui, safu ya pili. Surua, ya tatu.
Kuzama mtoni, kupigwa na radi,
kulaliwa na mama usingizini:
kila kifo na kijumba chake.
Safu ya kumi na nne ni ya maradhi yasiyojulikana,
na hiyo ndiyo hujaa kwanza.

Yeye husoma kitabu cha mazishi, mimi huchora vijiti,
vinne wima, cha tano kikivikata kiunoni.
Kazi ya mikono tu, kama kuchambua njegere.

Mwaka huu kidole kilipotea njia.
Badala ya kushuka na safu nikafuata miezi,
nikarudi mwaka jana, mwaka juzi,
nikatoa fomu sita sandukuni, nakala zetu.
Wachanga. Februari, watatu. Machi, wawili.
Julai, kumi na tisa.
Agosti, ishirini na mmoja.

"Zakris," nikasema, "wewe huhubiri kifo hakibishi hodi.
Hiki kina kalenda."
Akaniambia nisiichafue karatasi ya mfalme.

Julai twakata majani. Mama yuko bondeni tangu alfajiri,
mtoto yuko kitandani, na juu yake inaning'inia
pembe ya ng'ombe yenye chuchu ya ngozi,
maziwa ya asubuhi yakichacha hadi jioni.
Hivyo alilelewa mama yangu. Hivyo nililelewa mimi.
Hivyo nilimlea Elsa. Hivyo nilimlea Johan.
Wote wawili wamo safu ya kumi na nne,
kwa mkono wangu, vijiti vimenyooka.

Sikulia. Nilihesabu upya, nikiomba niwe nimekosea.
Nje akapita Karin wa kinuni, tumbo limemtangulia.
Atajifungua Juni.

Nikaishusha pembe ukutani.
Nyepesi mno. Nikainusa.
Zakris akauliza jumla ni ngapi,
nami nilikuwa nafunga kamba za viatu,
pembe kwapani, mlango wazi,
wino nyuma yangu ukianza kuganda.