Sikudhani Anaanguka

Ninacho kipande cha mkanda, urefu wa kiganja,
picha saba zimejipanga kama watoto wa chuoni,
na ndani ya kila moja bibi yangu anaanguka.
Ya kwanza bado kasimama, sinia la visheti kichwani.
Ya pili kisigino kimeshaiaga ngazi.
Ya saba yuko hewani, macho kama vikombe.
Chini hajafika. Ya nane anayo binamu yangu, Wete.

Sikudhani binti Feruzi wa Kikwajuni,
mchambuzi wa karafuu kwenye maghala ya Malindi,
alijikwaa siku moja mbele ya Tayabali Bohora,
mwenye mashine ya kuzungusha kwa mkono
aliyekuja kumpiga picha ngamia wa kinu cha mafuta.
Ngamia aligoma. Sikudhani akaanguka.
"Rudia," alisema Tayabali.
"Rupia," alisema bibi.

Ndiyo ikawa kazi: mikanda kumi na mmoja,
dakika nne nne, bila sauti hata ya nzi.
Aliangukia kapu la pweza, aliangukia harusi ya watu,
aliangukia chokaa mbichi akainuka mzungu.
Kuanguka, akisema, ni kama kuepua wali:
ukiwahi mbichi, ukichelewa ukoko,
na mlaji asijue kwamba ulikuwa ukihesabu.
Usiku alijikanda kwa mafuta ya nazi na chumvi;
magoti yake yalikuwa ramani ya ngazi zote za Mkunazini.

Mumewe, Songoro, alimpa talaka mkanda wa tatu,
akamrejea mkanda wa tano, uliolipa.
"Mke gani wa kuanguka mbele za watu!"
"Kwako nimeanguka bure miaka sita."

Maandishi ya pale kitambaani yalikuwa ya Kigujarati:
Ole wangu, visheti vyangu!
Lakini Ng'ambo nzima ilisoma midomo,
na midomo ilisema: Tayabali, ya juzi hujanilipa,
na koti lako hilo linanuka papa.
Wanaume viti vya mbele walicheka anguko.
Wanawake nyuma walikuwa wameshacheka kabla,
na Tayabali mlangoni alihesabu fedha, akidhani
kicheko chote ni kimoja.

Usiku mmoja alikaa katikati yao, buibui mpaka puani.
Jirani akamgusa kiwiko: "Mwanamke huyo hana haya."
"Hana," bibi akasema, "lakini hebu utazame mkono wa kushoto,
haumwagi hata kisheti kimoja mpaka mwenyewe atake."

Kisha zikaja picha za kusema, kutoka Bombay.
Tayabali akaiuza mashine kwa fundi wa saa.
Hakuna aliyemuuliza Sikudhani ana sauti gani.
Alikuwa nayo, nzito, ya mkwaruzo,
ya kufaa kuuza mbaazi alfajiri. Ikauza.

Hili sasa nalisema polepole.
Mwaka wake wa mwisho, bombani, ndoo mbili, utelezi.
Wazee waliokuwa foleni wakapiga makofi.
"Sikudhani huyo! Bado yumo!"
Walicheka mpaka wakashika mbavu.
Nyonga ilikuwa imevunjika.
Mama alikuwa wa tatu kwenye foleni. Anasema
bibi aliunyanyua mkono wa kushoto
akatikisa vidole viwili, ile ishara
ya kumwambia Tayabali basi, acha kuzungusha.
Na midomo ikasema kitu.
Mama amezaliwa baada ya mikanda.
Hakuwahi kujifunza kuisoma.

Mkanda mmoja tu ulikutwa, ndani ya kopo la samli,
na wajomba wakaukata siku jua lilipopatwa,
kila mtoto kipande chake, tusije tukaumia macho.
Majogoo yamechanganyikiwa, watu wako nje wakileta takbira,
na sisi watoto wa Kikwajuni, shingo juu,
tukalitazama jua kupitia tumbo la bibi,
likiliwa kidogo kidogo,
visheti vikiwa bado hewani.