Kiti cha Ezi

Walikileta Alhamisi, juu ya mkokoteni wa punda,
kimefunikwa shuka la maua kama mgonjwa:
kiti cha babu yao, mpingo na vipande vya pembe,
mgongo ulionyooka, wa kukaliwa na mtu asiyecheka.
Lali kashika mguu wa mbele. Obo kashika mkono.
Miaka kumi na mmoja tangu mzee azikwe,
na kesi kwa kadhi imeshakula shamba la minazi.

"Wewe fundi," wakasema, "tuamulie."

Mimi ni mtu wa randa na gundi.
Wafalme wangu ni wale wa chuoni, pale Langoni,
tuliofundishwa kwa ncha ya bakora:
kwamba watu walitaka mfalme, wakapewa Talut,
wakanuna, kwa kuwa hakuwa na mali;
kwamba Daud alilainishiwa chuma
(hapo ndipo nilipoupenda ufundi, nikasahau mengine);
kwamba Suleiman alimwelewa chungu.

Yaliyofuata nimeyapata kwa jirani,
Mwalimu Buya, Mpokomo wa Ngao,
ajaye jioni kunoa kisu ambacho hakijawa butu.
Kitabu chao hakiishii kwa Suleiman.
Kina mwanawe, Rehoboamu,
aliyeombwa na watu awapunguzie mzigo;
akawauliza vijana aliokua nao,
kisha akajibu kwamba kidole chake kidogo
ni kinene kuliko kiuno cha baba yake.
Buya hucheka hapo, kila mara, mpaka akohoe.
Kisha huacha kucheka.
Makabila kumi yakaondoka.
Wakabaki wafalme wa kaskazini na wafalme wa kusini,
majina yamepangana kama madeni kwenye daftari la duka:
huyu miaka miwili,
huyu siku saba tu, akajichoma ndani ya jumba lake,
yule mwema, Yosia, akafa kwa mishale,
hadi wa mwisho, aliyepofushwa,
na kitu cha mwisho alichokiona
ni wanawe wakichinjwa.

Nikawatazama Lali na Obo.
Nikauchukua msumeno.
Hila hii naijua, nani asiyeijua?
"Nitakipasua katikati," nikasema, "kila mtu na nusu yake,"
nikamngoja yule ambaye moyo utamkatika kwanza,
apige ukelele, aseme: mpe ndugu yangu, kibaki kizima.

Lali akasema, "Kata."
Obo akasema, "Kata. Lakini mimi nataka upande wenye nyota."

Hakuna mwalimu aliyenifundisha
Suleiman angefanya nini hapo.

Nikaweka meno kwenye mguu wa nyuma,
taratibu, nikiwapa nafasi.
Mpingo hulia ukikatwa, huuma mkono hadi begani.
Huu haukusema kitu.
Msumeno ulizama kama kwenye mkate wa mofa,
unga ukamwagika juu ya kandambili zangu,
na ndani ya unga wale weupe, wanaoukimbia mwanga.
Haukuwa mpingo kamwe. Fundi fulani, zamani,
alitia mti mwepesi, akaupaka masizi na mafuta,
akalipwa, akaenda zake.

Suleiman alikufa wima, ameegemea fimbo,
na majini wakaendelea kubeba mawe
kwa kumhofu mtu asiyekuwepo,
mpaka mchwa alipoimaliza fimbo.
Hilo nalo ni la chuoni. Nilikuwa nimelisahau.

"Tangu lini?" akauliza Obo.
"Kabla ya kesi," nikamwambia. "Pengine kabla ya baba yenu."
Lali aliokota kipande cha pembe kilichodondoka,
akakisugua kwenye kikoi, akakitia mfukoni,
Obo akamwona, asiseme neno.
Punda akarudi Mkomani bila mzigo.

Kiti kingali kwangu.
Nimekitia mguu wa mkoko, wa muda, haulingani na mingine.
Kinasimama.
Buya akija huketi kwenye boksi la misumari,
mimi huketi chini, kwenye jamvi.