Chimbo la Maweni

Ngazi imeoza kipago cha nne na cha saba.
Chengo ananiambia niruke, naruka,
buibui nimelifunga kiunoni kama mchukuzi.
Huko juu Manda ni jua na miiba.
Humu ni ubaridi wa mtungi.

Walikata mpaka jiwe laini likaisha,
wakalifuata chini kwa chini, migongo imepinda,
wakiacha nguzo hapa, nguzo pale,
nene, zisizo na umbo,
maana nguzo hailipwi.

"Huyu ni Mwaringa," anasema, akimulika ukuta.
Sioni mtu. Naona mikwaruzo ya tezo
imelalia upande mmoja. "Alitumia shoto.
Yule pale Onyuka: akipiga mbili, anapumzika, mbili.
Mimi ni hapo palipokwenda kombo."

Hesabu za mkaa: vijiti vinne, cha tano kimevikata.
Safu kumi na tisa.
Kisha vijiti vitatu, basi.
Namwuliza. Anaelekeza tochi kwenye kifusi
na kuiondoa upesi.

Popo. Ndala moja, ya mguu mdogo.
Maji yaliyotulia hata nikayakanyaga
nikidhani ni sakafu.

Nyumba yetu ya Mkomani ina kuta pana kama mkono mzima.
Nimekua nikiamini ziliota zenyewe.
Kumbe sebule yetu iko humu, imegeuzwa ndani nje,
na ngazi, na chumba alichofia bibi,
vyote hewa tupu,
popo wamepanga bila kodi.

Kwenye nguzo ya mwisho kuna kidaka
cha upana wa kiganja. Si kama vyetu vya plasta,
vya kuwekea sahani na marashi.
Hiki kilibeba kibatari tu,
mtu aone pa kupiga. Masizi bado yanashika kidole.

Na chini yake, jeupe, bichi,
pigo la juzi.
Kuna anayeikata nguzo.

Chengo anaweka sikio. Muda mrefu.
"Jiwe limepanda bei," anasema,
kama anayemtetea ndugu yake.
Halafu, kwa sauti ya chini: "Tutoke. Usikohoe."

Usiku, Mkomani, usingizi umenikimbia.
Nagonga ukuta kwa fundo la kidole:
mbili, napumzika,
mbili.

Mama, chumba cha pili,
anauliza nani yuko mlangoni.