Irabu Moja

Darasa letu lilikuwa juu ya duka la mbolea,
mtaa wa nyuma, Nakuru, ngazi za chuma.
Upepo wa Menengai ukivuma mwezi wa pili
vumbi liliingia bila kubisha hodi,
likaketi madawatini kama mwanafunzi aliyelipa karo.

Bi Truphosa Andayi alikuja na kalamu mbili nyekundu,
moja sikioni, moja mkobani,
na miaka thelathini na moja ya chumba cha habari
iliyomwachia kikohozi, miwani minene
na tabia ya kusoma chochote kinachosomeka:
risiti, kibao cha kinyozi, tangazo la mganga ukutani,
akisahihisha kwa midomo, kimyakimya.

Tulitaka atusimulie mawaziri,
simu za usiku wa manane,
askari waliokuja kubeba mashine za chapa.
Yalikuwapo hayo. Aliyapitia mbio
kama mtu anayevuka barabara.
Kisha akatoa bahasha, na ndani yake kipande cha gazeti
chenye rangi ya chai ya jana.

“Huyu,” akasema, “nilimuua mimi.”

Ajali ya basi, mteremko wa Salgaa.
Mwandishi alisoma orodha kwa simu ya hospitali,
laini ikikwaruza, saa nne kasoro, mtambo unangoja.
Aliyekufa alikuwa Nahashon Gichohi.
Wakachapa Nahashon Gichuhi.
“Shaka ilinikuna,” akasema.
“Nikatazama saa badala ya kupiga simu.”

Siku ya tatu marehemu alipanda ngazi za ofisi,
kofia mkononi, viatu vina tope la Subukia.
Alikuja kuulizia mazishi yake.
Mama yake alikuwa amelazwa.
Ushirika ulikuwa umezuia pesa zake za maziwa,
karani akidai barua kutoka kwa mjane.

Wakamwomba radhi: sentimita tatu,
chini ya tangazo la dawa ya kupe.
Akarudi, akalitandaza gazeti mezani:
“Kufa nimekufa ukurasa wa kwanza.
Mbona kufufuka nimefufukia wa kumi na nne?”

Swali hilo aliliandika ubaoni kila muhula.
Hakulijibu. Alilifuta kwa kiganja,
akaenda nyumbani na chaki mkononi.

Mimi nilipata ishirini na mbili kwa mia
kwa sababu ya neno “inasemekana”.
“Nani anasema? Ana jina?
Jina lina herufi ngapi?”

Agosti iliyopita Gichuhi alifariki kweli,
usingizini, miaka themanini na mitatu.
Wanawe wakapiga simu chuoni:
baba ameagiza tangazo aliandike yule mama.
Tukamwambia jina unalijua, umri umetajiwa,
tuma tu.
Akavaa koti lake la kijivu.

Nilimwendesha mimi. Ukungu ulifunika mashamba ya chai hadi magotini,
naye hakusema neno mpaka hospitali.
Aliingia chumba cha maiti, akakaa kitambo.
Alipotoka akaomba kitambulisho cha marehemu,
akakisoma kwa sauti, herufi moja moja,
kidole kikizifuata:
G, i, c, h,
hapo akavua miwani, akaifuta kwa pindo la koti,
akaanza tena toka mwanzo.