Sekunde Tatu

Jina lake lilipita kwenye skrini sekunde tatu.
Nilihesabu. Nilikuwa na miaka tisa, nikijifunza kuhesabu
kila kitu kwa Kijerumani: ngazi za nyumba yetu kule Barmen,
mabehewa ya treni inayoning'inia juu ya mto Wupper
kama nguo iliyosahauliwa kambani.
Muswada: Irmtraud Solbach.
Kisha likaja jina la mwelekezi, likakaa kitako
mpaka muziki ukaisha.

Mama hakuona lolote. Alikuwa anatafuta miwani.

Huyo Irmtraud alikuja kiwanda cha kufulia wakati wa theluji,
akaomba kazi, si mahojiano.
Miezi mitatu alikunja shuka za hospitali na mama yangu Nazmiye,
mmoja huku, mmoja kule, wakikutana katikati
kama wachezaji wa ngoma isiyopigwa.
Shuka za waliopona, shuka za waliokata roho;
maji ya moto hayabagui.
Kijerumani cha mama kilikuwa cha kuungaunga.
Irmtraud hakukinyoosha. Alikitegea sikio
kama fundi anavyoitegea injini,
na usiku akaandika kwa penseli
nyuma ya hati za mshahara.

Watu wa studio walitaka mwanamke huyo alie kidogo. Akafuta.
Walitaka mvua dirishani. Akafuta.
Walitaka Mjerumani mwema atokee mwishoni kumwokoa.
Hapo, nasikia, aligoma siku kumi na moja,
akaiacha simu iite mpaka ichoke,
akashinda nusu: Mjerumani mwema alibaki,
lakini akachelewa treni.

Sasa tumekaa safu ya nne, ukumbi wa chama cha wafanyakazi,
viti vya mbao, harufu ya makoti yaliyolowa.
Mwigizaji mwenye nyusi zilizotindwa amevaa aproni ya mama.
Msimamizi anamkata saa mbili za mshahara
kwa kwenda msalani.
Ananyamaza. Anakunja shuka. Kisha:
"Kateni basi na pumzi. Nazo nazivutia humu humu."

Ukumbi tuli.
Nyuma yetu mtu mmoja mnene akakohoa
kikohozi cha asiyetaka kulia.
Nikamvuta mama mkono: hilo ni lako!
Ulilisema jikoni, Jumapili, ukikata biringanya!
Mama akavaa miwani, akatazama,
akasema kwa Kituruki, wala hakunong'ona:
"Shuka anaikunja vibaya. Pindo limetoka nje."

Sheria haikubadilika wiki ile, nisidanganye.
Msimamizi alibaki, na saa yake ya ukutani.
Ila mtu alibandika lile neno mlangoni pa msala,
na likibanduliwa asubuhi, jioni lipo,
kila mara kwa mwandiko mwingine.

Irmtraud alikuja kwetu na bahasha:
malipo ya ukurasa ule, yote.
Mama akahesabu mezani, noti kwa noti,
akamrudishia maki mbili.
"Pumzi ni yangu," alimwambia.
"Lile 'basi' umelitia wewe."

Siku hizi mimi ni mkalimani mahakamani.
Nawasemea watu mbele ya majoho meusi.
Vifungu vya sheria vinatafsirika, hata matusi.
Lile basi ndilo linalonitoa jasho.